Fundo la Aliye Hai

Siku ya tisa ya Mwezi wa Wanakondoo. Asubuhi hiyo ukungu ulikuwa umelala bondeni kama maziwa ndani ya bakuli, na theluji iliyoanguka usiku ilikuwa laini, ya aina ile inayopokea hata unyayo wa ndege.

Nilikoroga uji wa shayiri, nikapakua. Bakuli la mama mkwe wangu, Odresha, niliweka karibu na moto kwa sababu ya mifupa yake. Langu niliweka karibu na mlango, mahali ninapokaa siku zote. Kisha nikafunika sufuria. Mume wangu, Tavrin, alikuwa ameketi mbele yangu, magoti yake yamekaribia kugusana na yangu, akinitazama.

"Issene," alisema. "Na mimi?"

Sauti yake ilinifikia kama ya mtu anayeita kutoka ng'ambo ya mto. Nikainua macho, nikamwona. Nikayaona na mabakuli mawili, yanatoa mvuke. Hakukasirika. Alichukua bakuli langu, akala kidogo, akanirudishia.

"Usijali," alisema. "Hata mbwa amenisahau, na yeye ndiye ninayemlisha."

Alipotoka kwenda zizini nilisimama mlangoni nikamfuata kwa macho. Alipita uwanjani kutoka kwetu hadi kwa kondoo, na theluji ile laini ilibaki kama ilivyoanguka. Shomoro aliyeruka mbele yake aliacha alama. Yeye hakuacha.

Kwetu Ushenne hakuna anayekunywa hata maji asubuhi kabla ya salamu. Mmoja husema, "Nimekuona," na mwenzake hujibu, "Nilikuja." Maana usiku tunatembeleana usingizini, kama vile mchana watu wanavyotembeleana kuazima moto. Ukiwa hukumwota mtu humdanganyi. Unamwambia, "Sijakuona, njoo kesho," naye anasema, "Nitakuja." Ni salamu ndogo, lakini ndiyo inayotushikilia duniani. Mtu anayeotwa na wenzake ana uzito. Asiyeotwa na yeyote huanza kuwa mwepesi, na wepesi huo hauna dawa ya kunywa.

Tangu theluji ya kwanza, hakuna aliyemwambia Tavrin, "Nimekuona." Mwanzoni tulifanya mzaha. Nilimwambia labda siku hizi ananikimbia usiku, ana mwanamke katika ndoto za watu wengine. Alinijibu kwamba huyo mwanamke naye hamwoni. Kisha tukaacha mzaha. Kila usiku kabla ya kulala nilipiga magoti, nikamwomba Mwenye Asubuhi anionyeshe mume wangu. Kila usiku nilionyeshwa shemeji yangu.

Shemeji yangu Kolu alikuwa amekufa.

Alikufa mlimani majira ya majani kuanguka. Yeye na Tavrin walikwenda kuwavusha madume ya kondoo, wamefungana kamba kiunoni kama wote wanaopita kule, na theluji ikaporomoka. Tavrin alirudi peke yake akiburuta kamba. Upande wa pili wa kamba haukuwa umekatika. Ulikuwa umefunguliwa. "Alijifungua mwenyewe," Tavrin alimwambia mama yake, "ili asinivute." Odresha alisikiliza mpaka mwisho, akageuza uso ukutani.

Basi tukamfungia Kolu mlango, kama wafu wote wanavyofungiwa. Mama wa marehemu huchomoa uzi ulioshona pindo la blanketi la sufu alilopigiwa mtoto wake kabla ya kuzaliwa. Huingia peke yake katika Nyumba ya Mafundo, huvuta pumzi ndani kwa jina la mwanawe, akakaza fundo. Fundo hupakwa mafuta ya kondoo na masizi, likatundikwa darini kati ya mengine. Kuanzia hapo marehemu haji tena katika usingizi wa mtu, anapumzika. Odresha aliingia, akatoka, na sisi tuliokuwa nje tukamfunika mtandio. Kumfanyia hivyo mtu aliye hai ni jambo ambalo kwetu halitajwi mbele ya watoto.

Na bado Kolu alikuja kwangu. Sikumwambia yeyote, kwa sababu kusema kwamba maiti aliyefungiwa amekutembelea ni kumwambia mama aliyefiwa kwamba mikono yake ililegea. Hakuna mwenye adabu anayeweza kusema hivyo. Usiku ule wa kuamkia siku ya tisa alikuwa ameketi juu ya paa letu, miguu inaning'inia, na chini yake kondoo wakitembea juu ya ukungu bila haraka, mmoja mmoja, wakiingia ndani ya mwezi kana kwamba ni zizi.

"Shemeji," aliniambia, "uji wako ule ungeziba paa hili, lisingevuja tena."

"Shuka basi uule."

"Nishuke nife mara ya pili?"

Alicheka kicheko chake kile kinachoanzia mabegani. Kisha akatazama huku na huku, akaacha kucheka.

"Ndugu yangu yuko wapi? Nimezunguka bonde zima. Milango yote iko wazi isipokuwa wake."

Nilifungua mdomo nimjibu, mdomo ukajaa sufu. Nikaamka. Ndiyo asubuhi niliyopakua mabakuli mawili.

Mchana tulikusanyika kwa jirani yetu Mirruve kupiga blanketi la mjukuu wake ambaye alikuwa bado tumboni. Blanketi la mtoto halifumwi. Sufu hutandazwa tabaka juu ya tabaka, humwagiwa maji ya moto, hupigwa na kuviringishwa mpaka ishikane yenyewe isiachane tena, na kila pigo ni dua. Mirruve ni mwanamke mwenye mikono mizuri na mdomo usiojua kupumzika.

"Issene, unaipiga hiyo sufu kama unambembeleza mgonjwa," alisema. "Piga, mama. Mtoto asije akazaliwa akahesabu nyota kupitia kwenye blanketi."

"Napiga."

"Unapiga au unasali?"

"Vyote viwili."

"Sali kwa nguvu basi."

Wanawake wakacheka. Mvuke ulikuwa umejaa chumbani, tumelowa hadi viwikoni, na nyimbo zilikuwa zimeshatuchosha. Mtu akichoka hivyo maneno humtoka bila kupita mlangoni.

"Hata Kolu jana kaniambia," Mirruve alisema huku akikamua maji, "Mama, sufu yenu ya mwaka huu ni ya kuziba masikio, siyo ya…"

Akaweka kiganja chenye maji mdomoni. Mikono yetu yote ilisimama juu ya sufu, na tukasikia maji yakidondoka sakafuni.

"Sikusema kitu," alisema polepole. "Nimezeeka. Mniwie radhi."

"Kwangu pia huja," akasema mwanamke mmoja kutoka upande wa dirisha.

"Kwangu huja kula jibini."

"Mimi nilidhani ni dhambi zangu."

Kumbe nyumba zote. Bonde zima lilikuwa likimwona Kolu kila usiku, na kila mtu alikuwa ameficha kwa heshima ya mama yake. Niliuliza swali langu nikiwa tayari naliogopa jibu lake.

"Na Tavrin? Nani kati yenu amemwona Tavrin?"

Mirruve alinitazama kwa upole, kama mtu anayetaka kusaidia.

"Tavrin gani, mwanangu?"

Mirruve ndiye aliyempokea Tavrin alipozaliwa. Niliona jina likimrudia taratibu, kama mtu anayepanda kutoka kisimani, na lilipofika aliketi chini juu ya sakafu yenye maji akaanza kulia. Sikungoja. Nilitoka na mikono iliyolowa, mikono ikaganda njiani.

Nyumbani nilikunjua blanketi la Tavrin. Pindoni palikuwa na pengo ambalo nilikuwa nimeliona tangu majira yale ya majani kuanguka, nikasema ni nondo. Sasa nililipeleka dirishani. Nondo hula vibaya, kwa kupindapinda. Hapa uzi ulikuwa umekatwa pande zote mbili, safi.

Odresha alikuwa ameketi nje kwenye ukuta unaopata jua, anachana sufu. Tavrin alikuwa karibu akirekebisha ua wa zizi. Niliweka blanketi magotini pake.

"Mama, uzi huu uko wapi?"

"Nondo."

"Nondo hana mkasi, mama."

Aliendelea kuchana. "Wewe ni mkwe mwema," alisema. "Usianze maneno leo."

"Kolu anakuja kwangu kila usiku."

Mikono yake ilipunguza mwendo. Aliuliza kama mtu anayemuulizia mtoto aliyekwenda kukaa kwa ndugu, "Kwako ana hali gani?"

"Ana furaha. Anaucheka uji wangu."

"Hata kwangu anaucheka." Alitabasamu kidogo. "Ni mzito kweli."

Tavrin aliacha ua, akaja, akaketi ukutani kando ya mama yake, bega lake likigusa mtandio wake. Alikuwa amesikia.

"Mama," nilisema, "ulifunga jina gani?"

Jua lilikuwa linayeyusha theluji ya paa, na matone yalianguka kati yetu.

"Nilikuwa na mablanketi yote mawili magotini," alisema. "Nilikuwa nimemchukia yule aliyerudi. Nilimchukia siku hiyo moja, Issene, siku moja tu. Mkono ukaenda wenyewe kwenye blanketi lake. Usiku huo Kolu akaja. Nikamuuliza, nani alifungua kamba? Akaniambia, mimi, mama. Nikasema anamfichia ndugu yake. Nikamuuliza tena kesho yake, na kesho yake. Jibu ni lile lile."

"Basi unajua."

"Najua tangu siku nyingi."

"Na umenyamaza. Unamwona huyu anavyokwisha, umenyamaza."

"Nikifungua jina lile, lazima nilifunge hili la Kolu." Aligusa kifua chake. "Kila usiku anaingia, anapangusa theluji mabegani, anakaa hapa. Wewe hujazaa. Ungeweza kufunga?"

Nilikuwa na hasira, lakini hasira haikujua kumjibu mama wa maiti. Niliomba moyoni, Mwenye Asubuhi, nipe neno. Sikupewa neno la hekima. Lilikuja swali tu, jepesi, la aina wanayoulizana wanawake wanaokutana kisimani mara ya kwanza.

"Mama, umezaa watoto wangapi?"

"Mmoja," alisema.

Alisema bila kufikiri, kama mtu anavyotaja jina lake. Na bega la Tavrin lilikuwa limegusa bega lake. Kisha chanuo likasimama. Nilimwona akilisikia neno lake mwenyewe. Midomo yake ililirudia bila sauti, mmoja, kama mtu anayeonja chakula kilichoharibika. Akanyoosha mkono ubavuni, akipapasa hewa kama mtu anayetafuta ukuta gizani, akakuta goti. Akalibonyeza.

"Kuna mtu hapa?"

"Ni mimi, mama."

"Sema tena."

"Ni mimi. Tavrin."

"Mbona uko mbali hivyo?" Odresha alisema, na hapo ndipo sauti yake ilivunjika. "Mwanangu, mbona uko mbali hivyo?"

Sufu yote ilianguka kwenye theluji. Alinyanyuka kwa kunishika mimi.

"Nipe fimbo yangu, Issene. Na lile sanduku, lete blanketi la Kolu. Twende sasa, kabla sijasahau ninakwenda kufanya nini."

Nyumba ya Mafundo iko juu kidogo ya kijiji. Tulipanda sisi watatu ndani ya ukungu uliokuwa unaanza kurudi, na wanawake wa kwa Mirruve wakatufuata, mikono ya nguo zao imelowa na kuganda, inagonga kama mbao. Mtunzaji wa nyumba ile ni Hathe, mwanamke mkali ambaye huamini kila anayekuja amekuja kumchafulia sakafu.

"Leo si siku ya kufunga," alisema. "Na nani aliyekufa? Sijaambiwa."

"Sikuja kufunga kwanza," Odresha alimjibu. "Nimekuja kufungua. Nilimfunga aliye hai."

Hathe alisogea pembeni, akatuachia mlango.

Ndani mafundo yananing'inia kutoka darini hadi usawa wa uso, meusi yote, yanafanana yote, na yakiguswa na upepo hutoa sauti kama watu wanaonong'ona katika chumba cha jirani. Kwa kawaida huingia mmoja tu. Safari hii Hathe aliacha mlango wazi ili tuone. Odresha alipita kati ya mafundo akiyagusa kwa shavu, macho amefumba, mpaka akasimama. Akaliteremsha moja.

Mafuta yalikuwa yamegandishwa na baridi. Kucha hazikufaa. Alilitia fundo mdomoni ili liyeyuke, akalitafuna upande ule ambao bado ana meno. Tulingoja. Alilitoa, akalitazama, akalirudisha.

"Jamani," Mirruve alinong'ona nyuma yangu, machozi bado yako mashavuni, "tumwazime jino?"

Mtu akacheka. Kilikuwa kicheko kifupi kilichomponyoka mtu asiyetaka, nacho kilikuwa kizito, cha mtu mwenye kifua. Wanawake wote waligeuka kumtazama aliyecheka. Tavrin alikuwa amesimama kizingitini, na chini ya viatu vyake theluji ilikuwa imebonyea. Huko kijijini mbwa wetu alianza kubweka kama mbwa aliyegundua ameibiwa bwana wake.

Odresha alikuwa na uzi ulionyooka mkononi, na masizi kwenye midomo.

Hakupumzika. Aliogopa kupumzika. Alichukua blanketi la Kolu, akachomoa uzi, akaushika mbele ya uso wake muda mrefu. "Mwanangu," aliuambia, "nimekuweka njiani muda wote huu, na wewe umechoka. Leo usije." Akavuta pumzi ndani kwa jina lake. Sisi wote tulilisikia jina likiingia. Alipokaza fundo, mafundo mengine yalitulia, na mimi nilihisi kile unachohisi mgeni mpendwa anapotoka nyumbani kwako akiuvuta mlango taratibu ili asiamshe watoto.

Ndipo Hathe akasema, naye hakuwa mkali tena.

"Sheria mnaijua. Anayemfunga aliye hai huvushwa mlima, akae mahali ambapo hakuna anayemjua wala wa kumwota. Husamehewa tu ikiwa mtu wa nyumba aliyoidhulumu atasimama hapa, aweke mkono kwenye kizingiti, awe mwenyeji wake usingizini. Tavrin simuulizi. Aliyefungwa haulizwi. Mtoto gani atamkataa mama yake?"

Hivyo wote wakanitazama mimi.

Nisiseme uongo mbele ya Mwenye Asubuhi: sikutaka. Nilifikiri juu ya yale mabakuli mawili. Nilifikiri kwamba zilikuwa zimebaki asubuhi chache tu niwe mjane nisiyejua ni mjane wa nani, ninakoroga uji na kuimba. Odresha alikuwa amesimama kati ya mafundo, mdogo, mafuta kidevuni, mikono mitupu. Hakuniomba.

"Usiseme usichokiweza, mwanangu," alisema. "Mlima si mbaya. Kule ndiko alikolala Kolu."

Nikaomba. Moyo wangu haukulainika, sikupewa hilo. Nilipewa nguvu ya kupiga magoti tu, na nilipokuwa chini nikaona mahali viatu vya mume wangu vilipokanyaga, alama mbili, kisigino na vidole, maji yanaanza kujaa ndani yake. Nikaweka mkono kwenye kizingiti, nikasema kwa sauti ili hata waliokuwa nyuma kwenye ukungu wasikie:

"Mimi Issene, binti wa Varru, mke wa Tavrin. Mnanisikia nyote. Mama huyu ni wangu. Usiku nitamwachia mlango wazi, hata siku nitakazolala nimemkasirikia, na hizo zitakuwa nyingi. Asubuhi nitamsalimu kabla sijanywa maji. Nikimwona, nitamwambia, nimekuona. Nisipomwona, nitamwambia, njoo kesho, na kesho nikimkosa nitamwambia hivyo tena, wala sitachoka kumngoja. Na mabakuli nitaweka matatu."